Haipapolaraizesheni ni mdudu gani?

Swali: Hili neno refu hivi maana yake nini?

Usiogope urefu. Seli ya neva ikiwa imetulia, ndani yake pana chaji hasi kuliko nje, milivolti -70 hivi. Ili ifyatuke itume ujumbe lazima ipande mpaka karibu -55. Sasa potasiamu ikitoka au kloraidi ikiingia, ndani panazidi kuwa hasi, inashuka -75, -80, hiyo ndo haipapolaraizesheni. Mlima wa kupanda umeongezeka, seli inakaa kimya.

Swali: Sasa mimi inanihusu nini?

Ushawahi kuona mtoto wa degedege kafikishwa zahanati, macho yamegeuka juu, mikono inarukaruka, mama mtu analia, nesi anaweka diazepam kwa njia ya haja kubwa au kwenye mshipa na baada ya dakika chache mtoto analegea? Ndo hiyo. Seli za ubongo zilikuwa zinafyatuka zote kwa pamoja, mwili una kemikali yake ya kuzituliza inaitwa GABA, diazepam inaisaidia ifungue vijilango vya kloraidi mara nyingi zaidi, basi zinanyamaza. (Mkiwa bado njiani mlazeni ubavu, na jamani hayo mambo ya kumtia kijiko mdomoni acheni.)

Na ndo maana diazepam haiendi na pombe, pombe nayo inakanyaga breki hiyohiyo, mtu anapitiwa na usingizi, pumzi inapungua mpaka inakata.

Swali: Kwa hiyo ni ugonjwa?

Wala. Inatokea kwenye jicho lako saa hii unaposoma. Seli za retina zinazopokea mwanga, gizani zinakaa kama -40 na zinamwaga kemikali muda wote, mwanga ukizipiga zinashuka kuelekea -70 na kumwaga kunapungua. Yaani unaona kwa sababu seli zimepunguza kelele, mi nilivyosoma mara ya kwanza nilirudia aya mara 3 nikidhani wamekosea kuchapa.

Swali: Binti yangu anasoma fizikia, anasema kwao maana ni nyingine.

Yuko sahihi. Kule wanaongelea spini za viini vya atomu, yaani kila kiini ni kama kisumaku kidogo chenye upande kinaoelekea, kikawaida zinakaribia kugawanyika nusu kwa nusu, hawa huku wale kule, wakitumia leza wanazifanya nyingi zielekee upande mmoja na mashine ya MRI, ile inayopiga picha za ndani ya mwili kwa sumaku, inapata ishara kubwa maelfu ya mara. MRI ya kawaida haiyaoni vizuri mapafu maana yamejaa hewa, ila mgonjwa akivuta gesi ya xenon iliyopangwa hivyo akabana pumzi sekunde chache, picha inaonyesha hewa inafika wapi na imekwama wapi. Marekani waliipitisha Desemba 2022, na haina mionzi kama ya eksirei.