Necronomicon: kitabu ambacho hakikuwahi kuwapo

Wengi wameaminishwa kwamba Necronomicon ni kitabu cha kale cha uchawi, kilichoandikwa Damascus na Mwarabu aliyerukwa na akili. Si kweli. Kilibuniwa na mwandishi Mmarekani, H. P. Lovecraft, katika hadithi iliyochapishwa mwaka 1924. Hata Abdul Alhazred, anayedaiwa kukiandika, ni jina ambalo Lovecraft alijipa utotoni alipokolewa na Alfu Lela u Lela.

Mwaka 1927 akakitungia historia nzima: tafsiri ya Kigiriki, ya Kilatini, na nakala zilizofungiwa katika maktaba za kweli, ikiwemo ya British Museum. Hapo ndipo watu waliponaswa, ingawa kwenye barua zake alisema waziwazi kuwa amekibuni. Toleo maarufu la madukani lilitoka 1977, miaka 40 baada ya kifo chake.