Kolabo ya mapenzi si ushahidi wa mapenzi

Vijiweni Mwanga na Ujiji, hapa Kigoma, kuna imani ya miaka mingi: mwanamume na mwanamke wakiimba kolabo ya mapenzi ikanoga, basi kuna jambo kati yao. Huenda lipo, ila wimbo hauwezi kulithibitisha.

Mara nyingi kila mmoja hurekodi peke yake, pengine siku na miji tofauti. Mwaka 1991 mwimbaji wa Marekani Natalie Cole alitoa "Unforgettable" akiimba na baba yake, Nat King Cole, aliyefariki 1965. Sauti ya baba ilichukuliwa kwenye rekodi ya zamani, lakini ukisikiliza utadhani wamekaa meza moja.

Kinachotupumbaza ni ufundi. Kwanza hutafutwa kii, yaani kimo cha sauti cha wimbo, inayowabeba wote wawili, na hapo mmoja hulazimika kujinyima kidogo. Mwenye sauti ya mikwaruzo huanza ubeti akiwa karibu na maiki, kama ananong'ona. Mwenye sauti laini hujibu kwa kuvuta silabi za mwisho. Kwenye kiitikio mmoja hushika melodi, mwenzake hupita juu au chini yake. Prodyuza naye huzipanga pumzi zisigongane, kisha huzipa sauti zote mwangwi mmoja, zisikike kama zimetoka chumba kimoja. Mwangwi huo ndio tunaouita penzi kijiweni.