Namba ya Kona ya Skrini: Dhana Potofu na Ukweli Kuhusu Kihesabio cha Fremu

Wanaocheza gemu za kompyuta jijini Dodoma, wengi wao wakiwa wanafunzi wenye laptopu za mtumba na vijana wa maofisini wanaocheza baada ya kazi, wamezoea kupimana kwa namba moja ndogo inayokaa kwenye kona ya skrini. Namba hiyo ni FPS, yaani idadi ya fremu, au picha kamili, ambazo kompyuta imezichora katika sekunde moja. Kompyuta ya mtu husifiwa au kudharauliwa kwa namba hiyo, bei hupandishwa au kushushwa kwa namba hiyo, na mabishano ya bwenini huamuliwa kwa namba hiyo, ilhali mengi yanayosemwa juu yake si ya kweli, au yana ukweli nusu.

Dhana inayotangulia zote ni kwamba lazima upakue programu maalumu ndipo uione. Kwa kuamini hivyo, mtu humaliza bando lake kwenye tovuti asizozijua akitafuta Fraps, programu iliyotoka mwaka 1999 na kuvuma sana zama zake. Toleo la mwisho la Fraps ni la mwaka 2013, kabla DirectX 12, mfumo wa Microsoft ambao gemu nyingi za Windows hutumia kuchora picha, haijakuwepo, kwa hiyo kwenye gemu nyingi za siku hizi haionyeshi kitu. Ukweli ni kwamba kihesabio cha fremu huenda tayari kimo ndani ya kompyuta yako. Steam, programu ya kununulia na kuchezea gemu, inacho katika mipangilio yake, na hukuruhusu kuchagua kona kitakapokaa. Windows 10 na 11 hukionyesha ukibonyeza kitufe cha Windows pamoja na G kisha ukafungua kisanduku cha utendaji, ingawa mara ya kwanza kitakuomba ruhusa na kukutaka uwashe kompyuta upya. Mwenye kadi ya grafiki, yaani kifaa kinachochora picha, ya AMD aliyesakinisha programu yake ya Adrenalin hubonyeza Ctrl, Shift na O kwa pamoja, na mwenye kadi ya NVIDIA aliyesakinisha programu ya NVIDIA App hubonyeza Alt na R. Gemu nyingine zina kihesabio chake zenyewe: Minecraft ya Java hukitoa kwa kitufe cha F3, na Counter-Strike 2 hukubali amri ya cl_showfps 1 kwenye konsoli yake, yaani kidirisha cha kuandikia amri. Ukihitaji undani zaidi, MSI Afterburner hupatikana bure na haihitaji kadi ya grafiki iliyotengenezwa na MSI, kinyume na wanavyodhani wengi kwa sababu ya jina lake. Namba unazoziona huchorwa na programu inayofuatana nayo, RivaTuner Statistics Server.

Wapo pia wanaokiogopa kihesabio kwa hoja kwamba kinakula nguvu ya kompyuta. Kuchora tarakimu mbili tatu juu ya picha ni kazi ndogo mno, na kwa kompyuta nyingi tofauti yake haionekani. Hata hivyo hofu hiyo ina chanzo, kwa kuwa vihesabio vingi husafiri na mizigo mingine: kurekodi video, kupiga picha, kubadili rangi za gemu. Mwezi Desemba 2024 wachunguzi wa vifaa vya kompyuta waligundua kuwa NVIDIA App ilipunguza kasi ya baadhi ya gemu kwa kiwango kilichofikia asilimia 15, na kampuni yenyewe ikakiri kwamba tatizo lilitokana na vichujio vya picha vilivyokuwa vimewashwa, ikashauri vizimwe. Kihesabio hakikuwa na hatia. Kuhusu kufungiwa akaunti, jambo linalowatia watu wasiwasi zaidi, tofautisha kihesabio kilichomo ndani ya gemu au Steam na programu ya nje inayojiingiza ndani ya gemu ili ichore juu yake. Mifumo ya kuzuia udanganyifu katika gemu za mashindano inaweza kuikataa hii ya pili, na mara nyingi matokeo yake ni kwamba namba haionekani au gemu inakataa kufunguka. Kwa gemu za aina hiyo, tumia kihesabio chake yenyewe.

Dhana iliyoenea kuliko zote, na inayostahili kukaliwa zaidi, ni kwamba namba kubwa maana yake ni gemu laini. Mtu anaona 60 kwenye kona, anahisi gemu inakwamakwama, kisha anaambiwa macho yake yana kasoro. Macho yake hayana kasoro. Kihesabio kwa kawaida hutoa wastani wa muda fulani, na wastani huficha mengi. Fremu 60 zilizogawanyika sawasawa ndani ya sekunde moja huchukua milisekunde 16.7 kila moja. Sasa chukua sekunde nyingine ambayo fremu moja imechelewa ikachukua milisekunde 200, na zile 59 zilizobaki zikagawana milisekunde 800, yaani takriban 13.6 kila moja. Jumla ni fremu 60, na kihesabio kitaandika 60 ileile bila haya, ilhali mchezaji ameona picha ikiganda kwa sehemu ya tano ya sekunde, muda unaotosha kabisa kupigwa risasi au kukosa bao. Ni sawa na mkulima wa Kongwa kuambiwa kuwa mvua ya mwaka imefikia wastani, wakati nusu yake ilinyesha siku mbili na mahindi yakakauka katikati ya msimu.

Suala hili lilipata uzito mwaka 2011, pale Scott Wasson wa tovuti ya The Tech Report alipoandika uchambuzi uliohimiza kupima kadi za grafiki kwa muda wa kila fremu, badala ya kutegemea wastani wa sekunde nzima. Tangu hapo vipimo vya kitaalamu vimekuwa vikitaja pia asilimia 1 ya chini, yaani FPS ya ile asilimia moja ya fremu zilizochelewa kuliko nyingine zote. Kompyuta yenye wastani wa 75 na asilimia 1 ya chini ya 22 itakuudhi kuliko yenye wastani wa 55 na asilimia 1 ya chini ya 45, na kwa maoni yangu mtu mwenye kompyuta hiyo ya pili hana sababu ya kuona wivu. Angalizo dogo: programu hazikokotoi asilimia hiyo kwa njia moja, maana nyingine huchukua wastani wa fremu zote zilizochelewa na nyingine huchukua mpaka wake tu, kwa hiyo usilinganishe namba ya programu hii na ya programu ile. RivaTuner na Adrenalin zinaweza kuchora grafu ya muda wa fremu. Mstari ulionyooka ni habari njema, na vilele vinavyochomoza mara kwa mara ndivyo vile vikwazo unavyovihisi mkononi. Vikitokea tu mara ya kwanza unapofika eneo jipya kisha vikatoweka, huenda gemu inatayarisha programu ndogo za kuchorea picha. Vikiendelea muda wote, angalia kwanza kama RAM imejaa au kama gemu imewekwa kwenye diski ya zamani inayozunguka.

Kwa mnunuzi wa kompyuta ya mtumba, dhana hatari kuliko nyingine ni kwamba namba aliyoonyeshwa dukani ndiyo atakayoipata nyumbani. Gemu ikiwa imesimama kwenye menyu, prosesa na kadi hazina kazi kubwa, na namba inaweza kupanda hadi mamia. Picha ikipunguzwa kutoka pikseli 1920 kwa 1080 hadi 1280 kwa 720, pikseli za kuchora kwa kila fremu zinashuka kutoka 2,073,600 hadi 921,600, pungufu ya nusu, na namba inapanda bila kompyuta kuwa bora. Muuzaji anaweza kufanya yote mawili bila kusema uongo hata mmoja. Omba gemu ichezwe yenyewe, kwenye mahali penye watu na mapambano, kwa ukubwa wa picha utakaoutumia, na ukae hapo walau nusu saa.

Nusu saa hiyo ina maana zaidi katika mji wetu kuliko katika miji yenye ubaridi. Mvua za Dodoma hunyesha kati ya Desemba na Aprili hivi, na miezi iliyobaki ni upepo na vumbi, ambalo huingia kwenye matundu ya laptopu na kushonana kwenye mapezi ya kupoozea hadi feni inapiga kelele bila kupitisha hewa. Prosesa ikizidi joto hujipunguza kasi ili isiungue. Dalili yake kwenye kihesabio ni wazi: unaanza na 70, dakika kumi baadaye 58, halafu 40, na ukiizima kompyuta ikapoa inarudi 70. Watu huilaumu gemu, hulaumu Windows, wengine husakinisha kila kitu upya, na kumbe kinachohitajika ni fundi wa kufungua, kupuliza vumbi na kubadili dawa ya kupitishia joto. Weka kipimo cha joto kando ya kihesabio cha fremu, utaona namba moja ikipanda na nyingine ikishuka. Dalili inayofanana nayo, ingawa huja ghafla, hutokea umeme unapokatika: laptopu inahamia kwenye betri, inajibana matumizi, na namba inaporomoka papo hapo. Hilo si kosa la gemu, na kupima kompyuta ikiwa kwenye betri hakukupi jibu lolote la maana.

Wengine huogopa wakiona kadi ya grafiki inafanya kazi kwa asilimia 99, wakidhani inakaribia kufa. Kwa gemu nzito hiyo ni hali ya kawaida na ndiyo inayotakiwa, mradi joto liko salama. Cha kuchunguza ni pale namba ya fremu ikiwa ndogo huku kadi ikitumika kwa asilimia 50, kwa sababu hapo ama prosesa ndiyo inayochelewesha, ama kuna kikomo kimewekwa mahali.

Kikomo ndicho kinachowachanganya pia wanaosema kompyuta yao “imekwama kwenye 60”. V-Sync, mpangilio unaolinganisha fremu na skrini, ikiwa imewashwa, gemu husubiri skrini, na skrini nyingi za laptopu na za maofisini hubadilisha picha mara 60 kwa sekunde, yaani hezi 60. Kihesabio kikisema 140 juu ya skrini ya aina hiyo, mchezaji haoni picha 140 kamili. Anaona mabadiliko 60, na wakati mwingine vipande vya fremu mbili vilivyokutana vibaya katikati ya skrini. Hata hivyo si kweli kwamba fremu za ziada hazina faida yoyote, maana fremu inayoonyeshwa huwa mpya zaidi na mkono huitikiwa mapema kidogo, jambo wanalolithamini wachezaji wa gemu za kupigana risasi. Kwa gemu ya kuendesha malori au ya kujenga miji, mimi ningeweka kikomo cha 60 na kuiacha kompyuta ipumue. Aliyenunua monita ya hezi 144 aingie kwanza kwenye mipangilio ya skrini ya Windows, kwani si ajabu ikawa imeachwa kwenye 60.

Hoja ya kwamba jicho la binadamu haliwezi kuona zaidi ya fremu 24, au 30, imetoka kwenye sinema. Fremu 24 kwa sekunde zilikuwa kiwango cha filamu tangu sauti ilipoingia mwishoni mwa miaka ya 1920, kwa sababu za sauti na gharama za mkanda, wala hazikuwa mpaka wa jicho. Kamera pia huacha ukungu kwenye kitu kinachokwenda kasi, na ukungu huo huyaunganisha mapengo. Gemu nyingi hazina ukungu wa asili namna hiyo, tena anayeangalia ndiye anayeshika kipanya, kwa hiyo anahisi ucheleweshaji ambao mtazamaji wa filamu hawezi kuuhisi.

Kununua bando kubwa ili kuongeza FPS ni hasara tupu. Fremu huchorwa ndani ya kompyuta yako. Intaneti huathiri pingi, ambayo ni muda wa taarifa kwenda kwenye seva na kurudi, na kwa Counter-Strike 2 seva hizo zinaweza kuwa Johannesburg au Dubai. Ukiona adui anaruka kutoka hapa hadi pale huku namba yako ya fremu imetulia, tafuta tatizo kwenye mtandao.

Imebaki dhana changa kuliko zote, kwamba fremu zote zinazohesabiwa zina thamani moja. NVIDIA ilileta utengenezaji wa fremu za katikati kwa teknolojia yake ya DLSS 3 mwaka 2022, AMD ikafuata na yake ya FSR 3 mwaka 2023, na programu ya Lossless Scaling inayouzwa Steam imeufikisha ujanja huo hata kwenye kadi za zamani ambazo ndizo zilizojaa mikononi mwetu. Mfumo huchukua fremu mbili zilizochorwa kweli na kubuni nyingine ya kukaa kati yao. Kihesabio kinaweza kuruka kutoka 30 hadi 60, picha ikaonekana laini zaidi, lakini gemu bado inasikiliza vitufe vyako kwa mwendo wa 30, tena kwa kuchelewa kidogo zaidi kwa sababu fremu halisi inasubirishwa ili ile ya kubuni ipite kwanza. Kwa anayeanza na 60 halisi kwenye skrini ya hezi 120 matokeo yanaweza kupendeza. Kwa anayeanza na 20, makosa ya picha huonekana na uzito wa mkono haufichiki. Tangu mwaka 2025 kipimo kipya cha utendaji ndani ya Steam huweza kuzitenganisha fremu za gemu yenyewe na zile zilizobuniwa, kwa hiyo mtu akikuambia laptopu anayoiuza inafika 120, mwombe afungue kipimo hicho akuonyeshe namba zote mbili.