Unene wa udongo kwenye sura ya zimwi

Wanaotaka kuingia kwenye kazi ya kuumba viumbe wa filamu huuliza kwanza habari za pembe na meno. Waanze na unene.

Kiumbe anayevaliwa huanzia kwenye kichwa cha mwigizaji. Uso hupakwa aljineti, ile ile inayotumika kuchukua chapa ya meno, kisha bandeji za plasta, matundu ya pua yakiachwa wazi. Ndani ya chapa humiminwa jipsamu ngumu, na juu ya kichwa hicho ndipo tunapofanyia kazi. Tunaitwa wachongaji, lakini huu ni ufinyanzi: mchonga mpingo hupunguza, sisi tunaongeza.

Kila udongo unaouongeza, ukishatengenezewa kalibu, utageuka ngozi ya silikoni au povu la lateksi, na misuli ya uso haina nguvu ya kusukuma mzigo. Kwenye kope na pembeni mwa mdomo nabaki milimita 2 au 3. Kwenye paji na ncha ya pua naweza kufika sentimita kadhaa. Ukijaza mashavu, zimwi litapendeza mezani, ila likivaliwa mwigizaji atacheka ndani na nje kusionekane kitu. Ndiyo maana Dick Smith, fundi wa vipodozi vya filamu wa Marekani, aliugawa uso vipande vinavyolaliana, badala ya kinyago kimoja kizima. Kingo za kila kipande zififie kabisa, la sivyo kamera itaona mstari.

Kwa makunyanzi, tandika nailoni nyembamba ya kufunikia chakula juu ya udongo ndipo uchore. Bila nailoni mkunjo hutoka mkali, kama umekatwa kwa kisu. Kwa vitundu vya ngozi, paka lateksi ya maji kwenye ganda la chungwa, tabaka 4 au 5, kila moja ikikauka kwanza. Bandua, gandamiza kwenye udongo, na uzungushe muhuri huo kila mara ili mchoro usijirudie.

Kosa linalouma kuliko yote ni salfa. Udongo mwingi wa mafuta unayo, nayo huharibu kichocheo cha platini kinachogandisha silikoni tunayomimina juu ya udongo kutengeneza kalibu. Pale ilipogusa udongo, silikoni hubaki ikinata, na hata ungoje wiki haiponi. Kalibu imekwenda, na mara nyingi sanamu nayo. Nunua udongo ulioandikwa hauna salfa, na bado upime: changanya gramu 20 za silikoni, paka kwenye kipande cha pembeni, uone kama itaganda. Glavu za lateksi huleta balaa lile lile. Vaa za vinili.

Ukiomba kazi, jifunze pia ZBrush, programu ya kuchongea sanamu za kidijitali, maana usanifu mwingi siku hizi huanzia kwenye kompyuta. Picha unazotuma zionyeshe kichwa kimoja kutoka mbele, ubavuni na robo tatu (katikati ya mbele na ubavu), kabla ya rangi, taa ikitoka upande mmoja. Rangi huficha taya lililokaa vibaya. Ongeza picha moja ya kipande kikiwa kimevaliwa, mdomo wazi.