Siku moja na kijiti cha udi: Quảng Phú Cầu na Chùa Hương

Napika udi. Kazi hii niliipokea kwa bibi yangu hapa Unguja, na kwa miaka mingi mikono yangu haijatoka kwenye sufuria ya sukari, vibanzi, miski na marashi. Wateja huniuliza mengi kuhusu udi wa kupika, lakini swali linalorudi zaidi linahusu udi mwingine kabisa, ule wa vijiti unaouzwa kwa pakiti madukani. Umetengenezwa kwa nini? Mbona mmoja unanukia vizuri na mwingine unawasha macho? Nilikuwa najibu kwa kukisia, mpaka nilipokwenda Vietnam nikapata siku moja ya kuona kijiji kinakotengenezwa vijiti hivyo asubuhi, na mchana pango wanakokwenda mahujaji kuviwasha.

Kijiji chenyewe ni Quảng Phú Cầu, kilomita 35 hivi kusini mwa Hanoi. Pango liko Chùa Hương, mbele zaidi, kama kilomita 60 kutoka mjini. Zote mbili unaziweza kwa siku moja ukitoka alfajiri. Jambo la kwanza alilonifundisha mkalimani wangu, mwanafunzi wa chuo, lilikuwa neno. Watu wa kaskazini mwa Vietnam huita kijiti cha kufukiza *hương*, na neno hilohilo lina maana ya harufu nzuri. *Chùa* ni pagoda. Basi Chùa Hương ni Pagoda ya Manukato, na pango lake, Hương Tích, ni kama kusema "nyayo za harufu nzuri". Kwa mtu wa kazi yangu, jina hilo pekee lilitosha kunipandisha ndege.

Kijijini utakaribishwa na rangi nyekundu. Ua za nyumba, viwanja, hata pembezoni mwa barabara, kote kumesimamishwa matita ya vijiti yaliyofunguliwa kwa juu na kubanwa katikati, yakakaa kama maua makubwa yaliyochanua. Watalii huja kwa ajili ya picha hizo, na baadhi ya wenye viwanja sasa hutoza kiingilio kidogo. Sioni ubaya. Lakini ukipiga picha ukaondoka, kazi yenyewe hujaiona, maana iko nyuma ya maua hayo, kwenye mabanda.

Kazi inaanza na mwanzi. Hapa wamekuwa wakichana vijiti kwa zaidi ya miaka 100, na mianzi huletwa na malori kutoka mikoa ya milimani. Wanapenda aina wanayoiita *vầu*, yenye pingili ndefu na ukuta mnene. Mwanzi hukatwa vipande kati ya fundo na fundo, na mafundo yenyewe huwekwa kando, kwa sababu kijiti chenye fundo hakinyooki na moto ukifika pale husita. Vipande hulowekwa, huanikwa, kisha huchanwa. Zamani ilikuwa kisu na goti. Siku hizi ni mashine, na kelele yake inakufuata hadi barabarani. Anayelisha mashine huwa kijana. Wanaochambua vijiti, kuvipiga chini vilingane vichwa na kuvifunga matita ni kina mama na vikongwe, nao wanazungumza muda wote bila kuangalia mikono.

Bibi mmoja alinipa kijiti nikipinde. Nilikipinda, kikakatika kwa mlio mkavu. Akanipa cha pili, kikajikunja kimya kimya. Mkalimani akanitafsiria: cha kwanza kimekauka, cha pili bado kina maji ndani. Cha pili ukikipaka unga wa manukato kitaota ukungu kwenye pakiti, au kitazima katikati ya maombi. "Shikamoo, bibi," nilimwambia kwa Kiswahili, kwa kuwa sikuwa na neno jingine la kumpa, naye akacheka akanishika mkono.

Baada ya kuchanwa, ncha moja ya tita huchovywa kwenye rangi. Nyekundu ni rangi ya heri kwa Wavietnam, na sehemu hiyo iliyochovywa ndiyo utakayoshika au kuchomeka kwenye bakuli la majivu, haiungui. Halafu yanakuja maua, kwa maana ya kuanika juani. Hilo ndilo pambo ambalo dunia nzima inalipiga picha, na kumbe ni njia tu ya kupitisha jua na upepo katika kila kijiti bila kukigeuza kimoja kimoja.

Hapa niseme jambo ambalo lilinishtua kama mfanyabiashara. Vijiti vingi vya Vietnam havikuwa vikibaki Vietnam. Vilikuwa vinauzwa India vikiwa vitupu, bila manukato, na huko ndiko vilikopakwa vikawa agarbati, ambazo pwani yetu imezichoma vizazi kwa vizazi. Mwaka 2019 India iliweka masharti kwa agarbati zinazoingia kutoka nje, na mwaka 2020 ikapandisha ushuru wa vijiti vya mianzi kutoka asilimia 10 hadi 25 ili kulinda mafundi wake. Kijiji kama hiki kinaumia uamuzi kama huo ukipita. Nami nilisimama pale nikijiuliza ni vijiti vingapi vya vijiji hivi vilikwisha kuungulia sebuleni kwetu Malindi ya Unguja, jioni za Alhamisi, wala hatukujua.

Sasa nijibu swali la wateja. Juu ya kijiti hupakwa unga wa aina mbili kuu. Mmoja ni wa kushika: gome la mti lililosagwa, ambalo likikutana na maji hunata kama ute wa bamia. Wavietnam hutumia sana gome la *bời lời*. Mwingine ni wa kunukia na kuungua: unga wa mbao, mdalasini, mchai na viungo vingine vya mti, na kwa mwenye uwezo, udi wenyewe. Vikikandwa pamoja na maji hupatikana donge, na mashine hulivika kwenye kijiti. Kijiti kizuri ni mimea mitupu. Kinachowasha macho mara nyingi kimetiwa harufu ya dawa za kiwandani. Na kuna hila moja nataka uijue: wengine hulowesha vijiti kwa asidi ya fosforiki ili majivu yasidondoke bali yajikunje duara zuri, maana baadhi ya watu huliona duara hilo kuwa ishara ya baraka. Majivu ya mwanzi mtupu hudondoka. Mimi nikiona majivu yaliyojikunja kama pete, pakiti ile siinunui.

Kuhusu udi wenyewe ningeweza kuandika hadi kesho. Neno letu limetoka kwa Waarabu, *ūd*, yaani mti au ubao, na mti huo haumei kwetu wala Uarabuni. Ni Aquilaria, wa misitu ya Asia ya kusini-mashariki, Vietnam ikiwamo, na wao huuita *trầm hương*. Mti mzima wa Aquilaria haunukii. Ukijeruhiwa, na kuvu wakaingia kwenye jeraha, ndipo mti unapotoa utomvu mzito mweusi kujikinga, na mbao iliyolowa utomvu huo ndiyo udi. Wakulima sasa huupanda, huutoboa matundu na kuupandikiza kuvu kwa makusudi, kwa sababu wa msituni umekatwa mno. Tangu 2005 aina zote za Aquilaria ziko chini ya mkataba wa kimataifa unaosimamia biashara ya viumbe walio hatarini. Kwa hiyo pakiti ya bei ya maji ya kunywa iliyoandikwa "udi safi" haina udi. Ina harufu inayoigiza udi.

Tukaondoka kabla ya saa nne.

Chùa Hương si jengo moja. Ni mahekalu mengi yaliyotawanyika kwenye milima ya mawe ya chokaa eneo la Hương Sơn, na njia yake ya kale ni maji. Unapanda mashua ya bati, nyembamba na ya chini, na mwanamke anakupigia makasia kwenye kijito cha Yến karibu kilomita 4. Hakuna injini. Kwa karibu saa nzima unasikia kasia, ndege na sauti za mashua nyingine zikisalimiana. Katika majira ya ziara mahujaji hupeana salamu moja wote, *Nam mô A Di Đà Phật*, jina la Buddha wa nuru isiyo na mwisho, iwe ni mzee kwa mtoto au mgeni kwa mgeni. Natumia neno ziara kwa makusudi. Ndilo tunalolitumia pwani kwa safari ya namna hii, na lilinisaidia kuelewa mara moja nilichokuwa nakiona.

Mashua husimama kwanza Đền Trình, hekalu la kupiga hodi: mgeni hujitambulisha kwa mwenye mlima kabla ya kuendelea. Halafu Thiên Trù, Jiko la Mbinguni. Kutoka hapo ni ngazi za mawe hadi pangoni, na asiyeweza hupanda magari ya kamba yanayoning'inia. Nilipanda kwa miguu, nikapumzika mara tano, na ningeshauri uende kwa miguu walau upande mmoja.

Mdomo wa pango ni mkubwa, unashuka kwa ngazi kama unaingia kinywani mwa joka. Ukutani kuna herufi tano za Kichina zilizochongwa kwa amri ya mtawala Trịnh Sâm mwaka 1770: pango la kwanza chini ya mbingu ya kusini. Ndani kuna sanamu ya Quan Âm ya jiwe la kijani, ya mwaka 1793. Huyu ndiye anayesikia vilio vya dunia. Kwa masimulizi ya hapa, alikuwa binti wa tatu wa mfalme, Diệu Thiện, aliyekataa kuolewa, akamkimbia baba yake, akaja kufanya ibada katika pango hili. Baba alipougua, dawa ikatakiwa iwe macho na mikono ya mtu asiye na kinyongo, naye akatoa vyake.

Miamba ya pango ina majina: rundo la mpunga, mti wa fedha, mti wa dhahabu. Mmoja unadondosha maji, nao wanauita titi la mama. Wanawake wanaotaka watoto hukinga matone kwa viganja. Mimi ni Mwislamu, sikuwasha kijiti. Nilisimama pembeni nikawatazama wakiwasha kimoja au vitatu, kamwe si viwili, wakivinyanyua hadi kwenye paji la uso. Nilimwona mama mmoja akikigusa kijiti chake kwa kidole kabla ya kukiwasha, kwenye ile sehemu nyekundu, nikakumbuka mikono ya yule bibi.

Ushauri wa tarehe: sikukuu ya Chùa Hương huanza siku ya 6 ya mwezi wa kwanza wa kalenda yao na kuendelea hadi mwisho wa mwezi wa tatu. Ni wakati wa umati na manyunyu, na katika manyunyu vijiti havianikwi. Kijiji nacho hufurika kazi miezi michache kabla ya mwaka wao mpya. Ukitaka vyote viwili, nenda Novemba au Desemba: jua lipo, maua mekundu yapo, na pangoni utasikia matone ya maji.

Nilirudi Unguja na tita moja la vijiti vitupu. Nimejaribu kuvipaka mchanganyiko wangu, nao haukubali, kwa sababu udi wetu wa kupika unashikwa na sukari, na sukari inataka makaa ya chetezo. Kwenye kijiti inayeyuka, inachuruzika na kuzima moto. Jaribio la nne nilipunguza sukari kwa nusu, nikaongeza unga wa gome. Kiliwaka hadi katikati. La tano linakauka barazani sasa hivi.