Wahehe wa Mkwawa hawakuwa na mikuki tu
Vita vya Lugalo vinapoigizwa hapa Iringa, watazamaji wengi hutaka kuona ngozi na mikuki pekee. Msanii akivaa kaniki au akishika bunduki, huambiwa ameharibu asili. Sikubaliani nao hata kidogo. Ni kweli kwamba Agosti 17, 1891, huko Lugalo, mikuki ndiyo iliyomwangusha kamanda Mjerumani Emil von Zelewski na kikosi chake, lakini Wahehe waliondoka na mamia ya bunduki, pamoja na mizinga michache. Nguo za pamba nazo zilishafika bara kwa misafara ya pwani. Kwa hiyo msanii anayeigiza kuanguka kwa Kalenga mwaka 1894, ngome ya chifu Mkwawa yenye ukuta hasa, ana kila sababu ya kuwapa bunduki baadhi ya wapiganaji wake.