"Sikuwepo" haitoshi kutengua hukumu

Jana jioni nimepigiwa simu ileile tena. "Wakili, dalali wa mahakama amekuja na karatasi, lakini hukumu yenyewe si imetolewa mimi sipo? Si batili hiyo?" Nikamuuliza ilitolewa lini. Mwezi wa tatu. Alijua lini? Mwezi huohuo, shemeji yake alimwambia. Sasa tuko mwezi wa tisa. Miezi yote hiyo amekaa akiamini kwamba siku ikifika atasema tu hakuwepo, na mambo yataisha.

Hukumu ya upande mmoja, yaani iliyotolewa mdaiwa hayupo, ni hukumu kamili. Inakaziwa, yaani inatekelezwa, kama hukumu nyingine yoyote, na nyumba inauzwa kwa hukumu hiyo. Inasimama mpaka itenguliwe. Na kufungua maombi ya kuitengua hakumzuii dalali hata kidogo; amri ya kusimamisha utekelezaji inaombwa peke yake, na inaombwa mapema.

Njia yenyewe, hapa Tanzania, iko kwenye Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, Amri ya IX, kanuni ya 9. (Ukiona mtu ananukuu kanuni ya 13, anasoma kitabu cha kabla ya marekebisho ya 2019.) Unarudi mahakama ileile iliyotoa hukumu, kwa maombi na hati ya kiapo (maelezo yako ya maandishi uliyoyaapia), ndani ya siku 30. Kama hoja yako ni kwamba ulizuiwa kufika, usikimbilie rufaa. Nawaona watu wanalipa ada ya rufaa, wanangoja mwaka, kisha wanaambiwa warudi walikotoka, na huko siku 30 zilishapita zamani.

Sasa nije kwenye jambo linaloniumiza kichwa. Kanuni inamtaka mdaiwa aeleze sababu ya kutosha iliyomzuia kufika kesi ilipoitwa kusikilizwa. Basi. Lakini viapo ninavyoletewa vina aya ishirini za jinsi kiwanja kilivyonunuliwa kwa marehemu baba mdogo, risiti zimeambatishwa, majirani wametajwa, halafu chini kabisa aya moja: "Sikufika kwa kuwa nilikuwa naumwa." Uliumwa nini? Ulitibiwa wapi? Tarehe ya cheti ni ile ya kesi au ya wiki mbili baadaye? Kama ulikuwa kitandani, nani alishindwa kupeleka taarifa mahakamani? Aya hiyo moja ndiyo kesi yako yote kwa siku hiyo. Zile ishirini ni za kesi ya msingi, na kesi ya msingi hujafunguliwa mlango bado.

Hapa nikiri kitu. Je, uzito wa utetezi hauhesabiki kabisa? Maneno ya kanuni hayautaji. Hata hivyo mahakimu huuliza, kwa sababu hakuna anayependa kufufua kesi ambayo mdaiwa hana la kusema. Kuna uamuzi wa Kenya wa 1967 tunaounukuu mpaka leo: mamlaka ya kutengua yapo ili mtu asiumie kwa ajali au kosa linalosameheka, na hayapo kwa ajili ya aliyekwepa makusudi. Mimi huweka aya mbili fupi za utetezi, sizidishi. Nimewahi kusimama upande wa mdai nikapinga hata hizo mbili. Moyoni mwangu jambo hili halijatulia.

Jambo lingine. "Sikupelekewa samansi" (wito wa kufika mahakamani) na "nilipelekewa lakini nikazuiwa" ni madai mawili yanayouana. Watu wanayaweka yote mawili kwenye kiapo kimoja, wakidhani wakikosa hili watapata lile. Chagua lililo kweli. Na kabla ya kuchagua, nenda mahakamani kasome jalada la kesi. Usiandike neno kabla hujalisoma.

Mama mmoja alikuja kwangu akiapa hajawahi kuona samansi. Nilipofungua jalada nikakuta nakala ya samansi, mahali pa saini pameandikwa kwa kalamu ya bluu "amekataa kupokea", muhuri wa serikali ya mtaa pembeni, na nyuma yake kiapo cha mpeleka samansi: alimkuta nyumbani, asubuhi, tarehe kumi na nne. Ningekuwa nimeshaandika kiapo changu, ningeumbuka. Lakini nilipousoma ule muhuri vizuri, ulikuwa wa mtaa mwingine. Mama yule alikuwa amehama miaka miwili nyuma, mwenyekiti wa mtaa wake mpya akaapa hivyo, na mkataba wa pango tukauambatisha. Hukumu ilitenguliwa. Hatukugusa hata senti ya deni lenyewe.

Kwenye jalada angalia pia mwenendo wa siku ile: kesi ilikuja kutajwa tu, yaani kupangiwa hatua inayofuata, au kusikilizwa? Kanuni inazungumzia kusikilizwa. Kisha angalia kama mdaiwa alijulishwa tarehe ya kusomwa hukumu. Mahakama ya Rufani ilishalisema hili kwenye kesi ya Cosmas Construction dhidi ya Arrow Garments, iliyoripotiwa 1992: asiyefika amejinyima nafasi ya kushiriki, lakini bado ana haki ya kuambiwa hukumu inasomwa lini. Hoja hii inasahaulika mno, na mara nyingi ndiyo inayoeleza kwa nini mtu alichelewa.

Maana ukichelewa, unaanza na maombi ya kuongezewa muda, na huko kila siku inahesabiwa. Hata siku moja ya kuchelewa inadai maelezo.

Kuna kundi moja linanikosesha usingizi: wateja walioachwa na wakili wao. Wamelipa, wameambiwa "usije, nitasimama mimi", na wakili hakusimama. Mahakama kwa kawaida haikubali uzembe wa wakili uwe sababu ya kutosha. Naelewa kwa nini. Ikikubaliwa ovyo, hakuna kesi itakayokwisha. Lakini Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba inampa haki ya kusikilizwa mtu mwenyewe, na mtu mwenyewe hakukosea popote. Sina jibu linaloniridhisha. Ninachofanya ni kuonyesha yale mteja aliyofanya yeye: simu alizopiga, ujumbe aliotuma, siku alizofika ofisini akakuta mlango umefungwa.

Yule wa jana nimemwambia aje saa mbili asubuhi na karatasi ya dalali, simu yake yenye ujumbe wa shemeji, na kalenda. Tutaanzia mwezi wa tatu, siku kwa siku.